Aliyezaliwa Jioni

Emmy alikuwa amevaa gauni la kijani alilolipiga pasi mara mbili, na hereni za shaba, siku muuguzi alipochungulia dirishani katika kliniki moja iliyofurika watu mjini Nakuru na kuita, "Weldon Kiplangat."

Emmy akabaki ameketi. Hadithi ni ile ile: ukisimama, watu wanakukodolea macho, usiposimama, dawa hupati. Muuguzi akaita tena, sasa kwa ukali.

"Tuko hapa," akajibu jamaa mrefu mwenye ovaroli, aliyekuwa amemwona Emmy akishtuka. Akamwinamia. "Simama twende wote, madam. Wacha washindwe kujua ni nani kati yetu."

Hivyo ndivyo Emmy alivyompata Ogada, fundi wa friji wa mtaa wa Section 58. Na miaka miwili baadaye, akajikuta anamlaani katika afisi ya wakili.

Maana jina la Weldon, alilosajiliwa nalo, lilikuwa limemchosha. Benki walidhani ameiba kitambulisho cha kaka yake. Mtaani Kiamunyi alinyimwa nyumba kwa jina hilo hilo. Sasa wakili Wangechi alikuwa ametayarisha hati ya kulibadilisha, na kilichobaki ni mtu anayemjua vyema kuapa kwamba ni yeye yule. Ogada alikuwa amejitolea. "Nitaapa, malkia wangu, hata mara mbili." Miadi ilikuwa saa tatu asubuhi. Saa saba simu yake ilikuwa bado haipatikani.

"Labda amekwama," akasema Wangechi.

"Amekwama na aibu. Kunipenda nyumbani ni rahisi. Kuweka jina lake karibu na langu ndiyo kazi."

Alimpenda bado, na hilo ndilo lililomuudhi zaidi. Saa nane simu ikalia.

"Babe, usikate."

"Nakupa dakika moja."

"Niko hapa kwa ngazi. Nilisoma hiyo fomu jana nikaona miaka yangu miwili ni kidogo. Nani anakujua kumshinda aliyekuzaa? Nikaenda kwenu Olenguruone."

Emmy akageukia mlango. Hakuwa amesemezana na mamake kwa miaka minne.

"Na hukuniambia?"

"Ungenikataza. Halafu huko hakuna network, na mathe alikataa kutoka kabla ya kukama."

"Ogada, wewe utaniua mapema."

Mlango ukafunguka. Mamake alikuwa na sweta ya kanisa na matope viatuni. Alilitazama gauni la Emmy, akamtazama mwenye gauni.

"Umekonda," akasema. Akavaa miwani, akashika karatasi. "Emmy peke yake? Jina la kwetu liko wapi?"

"Nililiacha, mama. Nilidhani hamtaki nilibebe."

"Ulizaliwa jioni, ng'ombe wakirudi. Wa kiume wa saa hiyo ni Kiplangat. Wa kike ni Chelangat. Hiyo jioni ni yangu, hakuna mtu ataninyang'anya." Akamgeukia wakili. "Andika vizuri."

Wangechi akashusha pumzi, akaanza kuchapa hati yote upya. Ogada, mlangoni, akakohoa.

"Mathe, nikija na wazee wetu, nimuulizie nani?"

"Si umesikia. Na usikuje wakati wa kukama."

"Kwanza awashe simu," Emmy akasema, akijifuta machozi kwa hasira.

Mamake akaikagua hati mpya, kalamu mkononi. "Chelangat," akaita, "kuja unionyeshe mahali pa sahihi."

Emmy akasimama mara hiyo hiyo.