Esperance wa Kigwena

"Fungeni milango! Mwanga unaua picha!"

Aliyepiga kelele ni Alimasi, mpiga filimu, mchumba wa Zuwena. Saa nane ya mchana, ghala la mawese la Mzee Athumani, baba yake Zuwena, likawa giza. Rumonge nzima ilikuwa imebanana humo. Mzee alitoa ghala lake bure, akidhani filimu inasifu michikichi yake.

Zuwena hakuja kutazama picha. Kwapani alibana vitenge vya posa, tayari kumrushia Alimasi mbele ya watu.

"Mutupie usoni," Shangazi Biasha alimchochea. "Nchi imepata uhuru juzi, na wewe jipatie wako!"

"Nimuone kwanza huyo Esperance."

Barua ya Alimasi aliijua kwa moyo: "Zuwena wangu, mwezi huu siji. Niko Kigwena na Esperance. Ni murefu, muzuri, amesimama wima. Nikimuacha watamumaliza. Pole."

Eti pole! Biasha aliitembeza habari hiyo kutoka sokoni mpaka kijiji cha Magara, kila alipopumzika akiongeza mtoto mmoja.

Mashine ikanguruma. Kwenye shuka jeupe ukatokea msitu wa Kigwena. Kima akaruka, watu wakashangilia. Mara mashoka. Magogo chini. Michikichi michanga imepangwa mistari, na kijito kimekuwa tope.

"Hao si watu wangu?" Mzee Athumani aliuliza.

"Ni wako, baba," Alimasi akajibu. "Na maji ya kukamulia mawese yako yanatoka mu kile kijito."

Mzee akasogea karibu na shuka kukitazama kijito.

Kisha ukatokea mti mmoja, mnene kama nyumba. Wakata miti sita wameshikana mikono kuuzunguka, na bado mikono haikukutana.

"Huyu ndiye Esperance," Alimasi akasema. "Wakata miti walimupa jina. Wanamuogopa."

Kicheko kikapasua ghala.

"Muti?" Zuwena alisimama, kivuli chake kikajaa shuka zima. "Nimelia miezi mitatu sababu ya muti?"

"Si niliandika amesimama wima?"

"Hata wanawake wanasimama wima, mupumbavu wewe!"

"Na wale watoto wanne, Biasha?" mtu akauliza nyuma.

"Mimi nilisema miche!" Biasha akaruka.

Zuwena akatazama tena picha. Sauti ikamlainika. "Na lile pengo, mikono isipokutana?"

"Ni la watu wawili. Niliacha nafasi yetu."

Kabla Zuwena hajajibu, Mzee Athumani aligonga pipa kwa fimbo.

"Mashoka chini! Huyo Esperance hakatwi, wala jirani zake. Na wewe, mukwe, ndoa iko Ijumaa. Filimu ingine utapiga ukishaoa!"

Vigelegele vikatikisa mabati. Zuwena akafungua kitenge kimoja, akajifunga kiunoni palepale.

Jumamosi, bibi harusi aliongoza watu mpaka Kigwena. Wakata miti sita wakashikana. Alimasi akaingia kushoto, Zuwena kulia. Mikono ikakutana.

Zuwena akaweka shavu kwenye gome.

"Esperance," akanong'ona, "tumeshakuokoa. Sasa ujue, bwana ni wangu."