Benchi la Mume wa Gitega

Buyenzi, mtaa wa mafundi mjini Bujumbura, siku ya Jumamosi haina nafasi ya mtu mwenye viatu virefu. Misumeno inalia, mikokoteni ya mbao inapita bila kuomba njia, na vumbi la mbao linaingia puani hadi ndani ya kikombe cha chai. Orlane alikuja na viatu virefu hivyohivyo, gauni la njano lililombana kiunoni, miwani myeusi, na midomo ya rangi ya zambarau. Mafundi waliacha kupiga randa kidogo, wakaangalia, wakaendelea.

Alikuwa anatafuta fundi wa benchi za sauna. Shangazi yake Consolate alikuwa amerudi kutoka Ubelgiji na magoti mabovu, akajijengea chumba cha sauna nyuma ya nyumba yake ya Kinindo. Jiko na mawe yake vilishafika. Pa kukalia hapakuwepo.

“Kuko mumoja tu anajua hiyo kazi,” muuza mbao alimwambia. “Alizitengenezaka Bukavu, ku hoteli. Ule pale.”

Yule pale alikuwa ameinama juu ya ubao, mikono imejaa unga wa mbao mpaka kwenye viwiko. Alipoinua kichwa, moyo wa Orlane ulimjua kabla macho hayajamaliza kazi. Murhula.

“Orlane,” alisema Murhula.

“Fundi,” alijibu Orlane. Jina lake hakutaka kulitia mdomoni.

Murhula alijifuta mikono kwenye suruali. Macho yake yalishuka hadi kwenye pete ya fedha kidoleni mwa Orlane, pete aliyoachiwa na bibi yake, yakabaki hapo.

“Bwana yako hajambo?”

Orlane hakuwa na bwana. Lakini swali lilikuwa limetoka kwa mtu aliyemwacha bila hata kwaheri, na Orlane aliona nafasi ya kumchoma imejileta yenyewe. Angekuwa mwanamke mwingine angesema ukweli.

“Hajambo. Ni mugongo tu unamusumbua. Ndo maana ninamutafutia sauna.”

“Umupe pole.”

“Nitamupa. We kazi unaweza, ao utaiacha katikati?”

“Mi siachaka kitu,” alisema Murhula. “Mimi ndo banaachaka.”

“Kesho kutwa, Kinindo. Ukuje na mbao nzuri. Bwana yangu hapendi kitu ya ovyo.”

Akageuka na viatu vyake, na Murhula akaupasua ule ubao aliokuwa anaupiga randa, ubao mzima usio na kosa lolote.

Sasa tuseme yaliyotangulia, maana hawa wawili wenyewe hawakuwahi kuelezana.

Walikuwa wamependana kwa kelele, kama wapendanavyo watu wa Bujumbura, simu asubuhi, simu mchana, na ugomvi mdogo kila Ijumaa ili wapatane Jumamosi. Orlane anauza dawa katika duka moja mjini. Jioni alikuwa akipita karakana ya Murhula na chapati za moto, na Murhula anamwita Orla mpaka mafundi wenzake wakaanza kumwita hivyo. Kisha Murhula akamtuma mjomba wake Dieudonné, mzee mwenye kichwa kigumu kutoka Bukavu, aende Musaga kwa kina Orlane. Ilikuwa ziara ya kwanza tu, gufata irembo, kushika mlango: wazee wawili watatu wanakwenda kusema wametoka wapi na wamefuata nini. Kijana mwenyewe haendi. Msichana anakaa chumbani.

Orlane aliona hivi kupitia pazia, maneno yenyewe hayakumfikia na baadaye hakuna aliyemsimulia: wazee waliingia, wakapewa bia, mjomba Dieudonné akasimama ghafla chupa ikiwa nusu, wakatoka. Hawakurudi. Simu ya Murhula ikawa haipatikani, jana, leo, kesho. Wanawake wa Musaga walimuuliza kama wakwe walikwenda kutafuta choo Bukavu. Baba yake alikuwa amejinunulia shati jipya kwa ajili ya siku ile, na tangu hapo alikuwa hajalivaa tena.

Murhula alisikia hivi kutoka kwa mjomba aliyerudi akitetemeka: “Ule binti walimutoa zamani, ameolewa. Ku mutu wa Gitega. Ng'ombe zilishaingia. Banatukalisha pale kutucheka tu.” Murhula hakuuliza mara mbili. Alivuka mpaka kwenda Uvira, Kongo, siku ileile, na laini yake ya simu akaitupa ndani ya mto Ruzizi. Alikaa Bukavu akipiga randa na kumchukia mtu wa Gitega ambaye hajawahi kumwona. Vita vilipofika Bukavu, alirudi Bujumbura na vifaa vyake, na mjomba wake, na chuki yake ikiwa imetunzwa vizuri.

Basi kazi ikaanza Kinindo, na Orlane akaanza ya kwake. Kila alipotoka kazini alikuja kukaa kwenye kiti cha plastiki mlangoni mwa sauna, mguu juu ya mguu, Fanta mkononi.

“Ile mbao iko na jicho. Toa.”

Murhula anaitoa.

“Huku kona yake inakwaruza. Bwana yangu iko na ngozi laini.”

“Ngozi laini,” Murhula anarudia, anapiga msasa.

“Ni mutu ya ofisi. Hashikaka randa.”

Siku moja alifika na gauni jekundu la mabega wazi, akaweka simu sikioni, akacheka kicheko ambacho Murhula alikifahamu kuliko mtu yeyote duniani. “Ndiyo, sheri, mupenzi wangu. Apana, bado. Fundi ni wa polepole, unamujua mutu anaogopa kumaliza? We acha, kuko batu hapa wanasikia.” Upande wa pili hapakuwa na mtu. Simu ilikuwa imezimika tangu mchana kwa kukosa chaji. Orlane aliongea nayo hadi akaona mgongo wa Murhula umekakamaa, kisha akaitia kwenye mkoba, akamalizia Fanta yake kwa raha.

Aliporudi nyumbani alilia, lakini hilo hakumwambia mtu.

Benchi la sauna lina sheria moja ambayo kila fundi hufundishwa kwanza. Skrubu, vise kama wanavyosema mafundi wa Buyenzi, huingia kutokea chini. Juu, mahali pa kukalia, hapaachwi chuma hata kidogo, maana katika joto lile chuma kinaunguza ngozi kama pasi. Benchi la chini Murhula alilifunga kama sheria inavyotaka. La juu, lenye joto kali, ambapo mkubwa wa nyumba angekaa na mgongo wake mbovu, alilifunga kutokea juu. Alinunua vise zenye vichwa vya rangi ya dhahabu, akazipanga mstari mmoja ulionyooka, huku akiimba wimbo wa kanisani. Nasema alivyofanya, simtetei.

Orlane aliziona, akapitisha kidole juu yake.

“Hizi zinang'aa. Bwana yangu atazipenda.”

“Atazisikia,” alisema Murhula. “Anakuja siku gani kujaribu?”

“Siku ya Mungu, nyuma ya misa. Na we ukuje. Fundi anapaswa kuwa hapo siku ya moto wa kwanza.”

Orlane naye alikuwa amepanga lake. Jumapili, mbele ya jamaa wote, angesema benchi hazifai, na Murhula angezing'oa ubao mmoja mmoja na kuzibeba barabarani huku watu wanamtazama, kama alivyotazamwa yeye Musaga. Usiniulize nani alikuwa mbaya zaidi kati yao.

Jumapili jiko liliwashwa mapema. Mawe yalipopata moto, Consolate alitoka chumbani akiwa amejifunga kitenge kifuani, akatangulia sauna kabla ya wengine kwa sababu magoti yake hayakutaka foleni. Orlane alikuwa jikoni, amevaa gauni jeupe, akipanga glasi. Murhula alikuwa amesimama nje na sanduku lake la vifaa. Ndipo gari likaingia uani, akashuka mwanaume mnene, tumbo mbele, taulo begani, akisalimia mpaka maua.

Ndiye huyu, Murhula alijiambia. Mtu wa Gitega. Alisikia furaha mbaya ikimpanda.

“We ndo fundi?” mwanaume alimpa mkono. “Mi ni Aloys. Baba Orlane ni kaka yangu mukubwa. Unatoka wapi?”

Mkono wa Murhula ulibaki ndani ya mkono wa Aloys. “Bukavu.”

“Bukavu,” Aloys alicheka, kisha akaacha kucheka. “Mi nilipotezaka bakwe wa Bukavu. Walikuja Musaga kushika mulango. Nikawafanyia vile tunafanyaka: nikasema mutoto tulishamutoa, bwana iko Gitega, ng'ombe ziko mu kiwanja. Ni muchezo. Kila mutu anajua. We unajibu, ‘Sawa, tutangoja bwana amufukuze,’ tunacheka, tunaongeza bia. Ule muzee akasimama, akatoka. Mi nikafikiri anaenda kukojoa. Tulimungoja mpaka bia ikapata moto.”

“Na ule wa Gitega?” Murhula aliuliza.

“Hakuna mutu wa Gitega. Nilisema Gitega sababu nilikuwa nimetoka kule asubuhi.”

“Na Orlane... bwana yake ni nani?”

“Orlane? Orlane hana bwana. Anakataaka batu wote, tumechoka naye. Benchi hii ni ya Consolate. Ameshaingia?”

Murhula aliangusha sanduku. Alisukuma mlango wa sauna, joto likampiga usoni, akamwona Consolate kwenye benchi la juu, amekunja magoti, anajishusha polepole pale penye dhahabu. Hapakuwa na muda wa maneno. Alipitisha mkono wake chini ya yule mama, kiganja juu ya chuma, na uzito wote wa Consolate ukaukalia.

Hakupiga kelele. Aliyepiga kelele ni Consolate. “We fundi, ni tabia gani hii?”

Orlane alikuja mbio na kitambaa cha glasi bado mkononi. Alimkuta Murhula nje ameukumbatia mkono wake. Akaufungua kwa nguvu. Katikati ya kiganja kulikuwa na duara mbili nyekundu, zimepangana sawasawa.

Aliangalia duara, akaangalia benchi kupitia mlango ulio wazi, akaangalia duara tena.

“Zile zinang'aa,” alisema. “Ulizitia juu zimuunguze nani?”

“Bwana yako.”

“Sina bwana.”

“Ninajua. Tonton yako Aloys ameniambia sasa hivi.” Akamweleza mchezo wa Aloys, na mjomba aliyerudi akitetemeka, na laini ya simu ndani ya Ruzizi.

Orlane alikaa kwenye kiti chake cha plastiki. Hasira yake yote ya siku nyingi ilikuwa imepoteza mtu wa kumkalia, na hilo lilimkasirisha upya.

“Hukupiga hata simu moja, Murhula. Hata ya kunitukana. Ungenitukana, ningejua.”

“Na we, pale Buyenzi, ulijitungia bwana mbele yangu.”

“Nilitaka uumie.”

“Niliumia.”

“Vizuri,” alisema Orlane, na machozi yakaanza kushuka juu ya unga wake wa uso. “Fungua zile vise. Zote.”

Alizifungua kwa mkono mmoja, kichwa kwa kichwa, akazifunga upya kutokea chini, huku Consolate amesimama nyuma yake na kitenge chake akimsimamia. Alipomaliza, Orlane alimpaka dawa kwenye kiganja, akakifunga bendeji, akamsindikiza mpaka getini. Hapo Murhula alijaribu kumshika mkono.

“Apana,” alisema Orlane. “Unanitaka?”

“Ninakutaka, Orla.”

“Tuma Tonton yako. Uleule. Nyumba ileile, kiti kilekile. Na hii safari atasikiliza kila kitu, mpaka mi nichoke.”

Mjomba Dieudonné alikataa kwa wiki nzima. Halafu Jumamosi moja akavaa koti lake la suti na kwenda. Murhula alibaki kwenye kibanda cha soda chini ya barabara, shati jeupe, simu sikioni. Orlane alikuwa chumbani Musaga, amevaa imvutano ya zambarau, vazi la sherehe la Kirundi, mgolole wake umefungwa begani, sikio moja kwenye pazia na jingine kwenye simu.

“Wameanza?” Murhula aliuliza.

“Tonton Aloys anasema nimeolewa Gitega.”

“Na wangu?”

“Amesema watangoja bwana anifukuze. Ulimufundisha?”

“Kila siku.”

Orlane alicheka kimya. Alikuwa amemwagiza Aloys asilegeze kamba. “Sasa anasema niko na watoto. Mapacha.”

“Wangu anasema nini?”

“Anasema anapenda mapacha. Sauti yake inatetemeka, Murhula. Sasa Aloys anamwambia mu Bukavu kwenu hamujui kuoa.”

“Orla, hiyo imezidi.”

“Baba yangu aliacha shati lake mu kabati kwa aibu. Haijazidi.”

Kisha sebuleni kiti kikasukumwa. Orlane alisogeza pazia kwa kidole. Mjomba Dieudonné alikuwa amesimama, chupa nusu mezani, uso umejikunja, vilevile kama siku ile. Baba yake Orlane, ndani ya lile shati lake jipya, alikuwa ametazama chini. Alikuwa amevuta kisasi chake mpaka mwisho, na sasa kilikuwa kinamrudia.

“Murhula,” alinong'ona. “Amesimama.”

Mzee alivua koti. Akalikunjua, akalitundika mgongoni mwa kiti bila haraka, akapandisha mikono ya shati, akakaa tena.

“Endelea, Bwana Aloys,” alisema. “Na mapacha wanaitwa nani?”

Orlane alikata simu, akavaa viatu, akatoka kwenda sebuleni bila kuitwa na mtu.