Swali la Kumi na Tisa

Mama Vifungo alishona nguo mlangoni mwa chumba chake, cherehani ikitazama barabara. Walimwita hivyo kwa sababu ya mkebe wake. Kifungo chochote ulichopoteza, mwenzake ulimpata humo. Pembeni yake, kwenye benchi, mdogo wake alisuka watu nywele. Huyo aliitwa Chiriku, kwa kupenda kusema. Kutwa nzima mmoja alishona, mwingine alisema.

"Dada, cherehani yako inakohoa kuliko mimi," Chiriku alisema asubuhi moja.

"Nyamaza upumzishe kifua. Siku ya nne hii unakohoa."

"Nikinyamaza ndipo mtajua nimekufa."

Mteja aliyekuwa akisukwa alicheka. Chiriku naye alicheka, kisha kicheko kikageuka kikohozi, na chanuo likamponyoka mkononi. Kufika mchana hakuweza kusimama. Mume wa Mama Vifungo, fundi baiskeli, alimbeba shemeji yake mgongoni hadi kwenye teksi. Wakaenda hospitali kuu, ile ya zamani inayofundisha madaktari.

Wodini Chiriku aliwekewa oksijeni. Daktari alimpima, akasema ni nimonia, mapafu yote mawili. Kisha akaja mwanafunzi wa udaktari, msichana mwembamba, na karatasi yenye maswali kumi na manane. Koti lake jeupe lilikosa kifungo cha katikati. Mama Vifungo aliliona pengo hilo kabla hajauona uso wake.

Chiriku hakuweza kusema. Kwa mara ya kwanza maishani, dada yake ndiye aliyemjibia.

"Ana miaka mingapi?"

"Ishirini na tisa."

"Amewahi kutibiwa hapa?"

"Hapana."

"Ana aleji? Yaani kuna dawa iliyowahi kumletea vipele, kumvimbisha, au kumbana pumzi?"

Mama Vifungo alikumbuka.

Miaka sita nyuma, Chiriku aliumwa koo, wakaja hospitali hii hii. Hakuwa na kadi ya hospitali, na foleni ya kadi mpya ilikuwa imefika getini. "Chukua yangu," Mama Vifungo alimwambia. "Sura yetu moja. Nani atajua?" Chiriku akatibiwa kwa jina la dada yake. Wakamchoma penisilini. Uso ukavimba, mwili ukajaa vipele, na muuguzi akamwahi kwa dawa nyingine. Kisha muuguzi akaandika onyo kwa wino mwekundu kwenye faili. Faili la Mama Vifungo. Baadaye, wakiwa wawili tu, walilifanya jambo la kuchekesha. "Ulivimba kama puto, mwenzangu!" Halafu likasahaulika.

Sasa ukutani mwa wodi palikuwa na bango: KUTUMIA KADI YA MTU MWINGINE NI KOSA. Mama Vifungo alilitazama bango. Akamtazama mumewe, ambaye hakujua habari ya kadi.

"Mama, nimeuliza kama kuna dawa..."

"Hakuna," alisema.

Alijiambia kwamba miaka imepita. Alijiambia kwamba hawa ni madaktari, watajua wenyewe.

Muuguzi akaleta sindano, akamchoma. Hazikupita dakika tano, midomo ya Chiriku ikaanza kuvimba. Akajikuna shingo. Akamkazia dada yake macho.

"Ni penisilini!" Mama Vifungo alipiga ukelele. "Inamdhuru! Imeandikwa kwenye faili langu!"

Madaktari walikuwa wameshafika mbio. Walimchoma dawa ya kuokoa, wakamtia mpira kooni, wakamkandamiza kifua. Lakini mapafu yale yalikuwa yamechoka tangu asubuhi. Saa kumi alasiri wakavuta shuka, wakamfunika uso.

Yule mwanafunzi alisimama ukutani. "Niliuliza," alikuwa akisema, si kwa mtu yeyote. "Si niliuliza?"

*

Baada ya maziko, cherehani ilikaa kimya. Wateja walikuja kuchukua vitambaa vyao bila kushonwa. Hakuna aliyelikalia benchi la Chiriku. Mama Vifungo alimweleza mumewe kila kitu.

"Nimemuua mdogo wangu," alisema.

"Usiseme hivyo."

"Basi nisemeje?"

Siku nyingi mumewe alimpikia, akamwekea sahani, akaiondoa ikiwa imejaa. Mwisho akasema, "Mke wangu, faili lako bado lina aleji ya Chiriku. Ukiugua wewe, watakunyima dawa inayokufaa. Twende tukaseme."

"Watanifunga."

"Tutakwenda wote."

Masjala ya hospitali ilikuwa kwenye jengo la zamani kuliko yote, la matofali, ngazi zake zimelika katikati. Ndani rafu za mafaili zilifika darini. Karani mkuu alikuwa mzee mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi.

"Nimekuja kujisema," Mama Vifungo alimwambia. "Kama ni polisi, niitie polisi."

"Keti kwanza, binti yangu. Polisi wana jengo lao."

Alisema yote. Mzee hakumkatiza. Kisha akashusha kutoka kabatini daftari kubwa, jalada lake limechakaa.

"Hili ndilo daftari la kwanza la hospitali hii," alisema. "Ilianza na chumba hiki ulimokaa. Vitanda kumi na viwili, daktari mmoja, na vijana wanne waliojifunza uuguzi pale barazani. Yule daktari alikuwa na maswali matatu tu. Unaumwa wapi? Tangu lini? Umekunywa dawa gani? Mengine yalikuja baadaye."

"Yalitoka wapi?" fundi baiskeli aliuliza.

"Kwa waliokufa." Mzee alifungua kurasa polepole. "Seremala huyu alipasuliwa akiwa ameshiba. Alitapika usingizini, chakula kikaingia mapafuni. Ndiyo maana leo wanauliza, umekula saa ngapi? Mwalimu huyu alipewa dawa akiwa na mimba changa, hakuna aliyemuuliza. Ndilo swali la nane. Watu hudhani wanafunzi wanawasumbua wagonjwa na karatasi zao. Kila swali lina mtu wake humu."

Mama Vifungo aliyatazama majina yale. "Lakini kwa mdogo wangu waliuliza. Mimi ndiye niliyeficha."

"Ulificha kwa sababu ya bango." Mzee alivua miwani. "Bango lile nililiandika mimi, kwa mkono huu. Nilitaka watu wasichanganye mafaili. Sikujua nawaziba midomo."

Kisha mzee akawaeleza. Kadi ni ya mtu mmoja, kwa sababu faili husema habari za mwili mmoja. Kadi ikipotea, uje dirishani na jina lako kamili, na namba yako itatafutwa. Na kama umewahi kutumia ya mwingine, mwambie daktari mara moja. "Anatafuta ugonjwa," alisema. "Hatafuti kesi." Akatoa faili la Mama Vifungo, akauhamisha ule ukurasa wa wino mwekundu kwenye faili jingine, jembamba, lenye jina la Chiriku. Juu yake palikuwa pamegongwa muhuri: AMEFARIKI.

Wiki iliyofuata, kwa ombi la mzee, Mama Vifungo alisimama mbele ya wanafunzi na profesa wao, akasimulia. Yule msichana mwembamba alikaa nyuma, ameinamisha kichwa. Mwishoni Mama Vifungo alimfuata, akatoa sindano na kifungo cheupe.

"Lete koti," alisema.

"Mama, nisamehe."

"Wewe uliuliza, mwanangu. Tulia nisikuchome."

Msichana alilia, na kifungo kikashonwa.

*

Mwaka uliofuata Mama Vifungo alimpeleka mumewe wodini, mnyororo wa baiskeli ukiwa umemkata kidole. Bango la zamani halikuwepo. Kwenye kitanda cha pili alilazwa bibi mmoja. Mwanafunzi mgeni, ambaye hakuwahi kumwona Chiriku, alikuwa akimsomea maswali.

"La kumi na tisa, bibi. Umewahi kutibiwa kwa kadi ya mtu mwingine, au mtu kutibiwa kwa yako? Ukisema ndiyo hakuna kesi. Tunataka tu kukutibu vizuri."

Bibi aligeuza uso. Akaminya shuka. Mama Vifungo aligeuka kumtazama.

"Ndiyo," bibi alisema kwa sauti ndogo. "Ya binamu yangu. Walinipa vidonge, nikazimia."

Mwanafunzi alitoka mbio kwenda masjala.

Mumewe alimshika Mama Vifungo mkono kwa ule wake mzima. "Umesikia?"

"Nimesikia," alisema. Bibi yule atapona. Nyumbani benchi lilikuwa bado mahali pale pale, na hapakuwa na Chiriku wa kumsimulia.