Mishono Iliyonyooka

Kila nikitoka shule nilimkuta bibi yangu karibu na dirisha, akishona sare za wanafunzi kwa cherehani yake. Cherehani ilivuma polepole, jua la alasiri likatanda juu ya vitambaa vya buluu, nami nikasinzia macho wazi.

"Umerudi, mke mwenza?" alinitania siku moja.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Hebu nitungie uzi. Sindano za siku hizi matundu yake madogo mno!"

Tatizo halikuwa sindano. Mishono ya bibi ilikwenda upogo. Mama alikuwa ameniagiza niifumue na kuishona upya kila bibi alipojilaza.

"Usimwambie, mwanangu. Utamvunja moyo," alisema.

Basi nilifumua, nikashona. Bibi aliamka, akapapasa kola, akatabasamu. Nyumba nzima ikawa kama inaota ndoto moja tamu, na mimi niliipenda ndoto ile.

Kisha daktari wa macho akaja kwenye zahanati yetu kwa siku mbili tu. Siku ya pili, jirani yetu muuguzi alikuja kumsihi bibi.

"Una mtoto wa jicho, bibi. Anatibika, lakini ukizidi kuchelewa unaweza kupoteza macho. Twende, daktari anaondoka leo."

"Asiyeona hushona hivi?" bibi alicheka, akamnyooshea kola. "Mishono imenyooka kama rula! Siendi popote."

Mama aliinamisha kichwa. Niliogopa kumuumiza bibi, lakini niliogopa zaidi asije akapofuka.

"Bibi," nilisema huku machozi yakinilengalenga, "kola hiyo nimeishona mimi. Zote nazishona mimi, tangu likizo."

Bibi alimgeukia mama. "Na wewe ulijua?"

"Nisamehe, mama. Nilitaka usihuzunike."

Bibi aliikunja ile kola, akaiweka kando. Mwishowe akasema, "Nileteeni viatu vyangu."

Alifanyiwa upasuaji siku ileile. Bandeji ilipoondolewa kesho yake, alinishika mabega, akanitazama mpaka nikaona haya.

"Kumbe umerefuka hivi!" alisema. "Mjukuu wangu amekua ndani ya nyumba yangu, na mimi sikumwona."

Mama alianza kulia. Bibi akamvuta karibu.

"Najua mlinificha kwa mapenzi," alisema. "Lakini anayekupenda hukuambia ukweli mapema, wakati dawa bado ipo."