Matamanio ya Jirani

Gemu la kwanza ambalo Eliakim hakuliweka yeye liliitwa "Maziwa".

Alilikuta mchana mmoja, mvua ikipiga bati la nyumba yao kule Rau, chini ya mlima, alipofungua orodha yake ya matamanio kwenye duka la magemu la mtandaoni. Ni orodha ya kawaida tu. Mtu akiona gemu analolitaka na hawezi kulinunua leo, analiweka pale limsubiri. Ya Eliakim ilikuwa na magemu ya mpira na ya mbio za magari. Sasa juu ya yote palikuwa na hili lisilo na picha, mraba mweusi mtupu, na chini yake neno moja la Kiswahili. Duka lote lilikuwa la Kiingereza.

"Priska, umegusa laptopu yangu?"

Mkewe alikuwa mezani anasahihisha madaftari ya wanafunzi wake. "Niigusie nini? Hayo magemu yako hata kuyawasha sijui."

Akalifuta, akalisahau.

Eliakim alikuwa ameongoza wageni mlimani tangu ujana wake, mpaka baridi ya kileleni ilipokula vidole vya mguu wake wa kulia na daktari akamwambia mlima basi. Tangu hapo akawa mtu wa kiti. Priska akienda shuleni, na Bibi Yuditha, mama mzazi wa Eliakim, akienda kukata majani ya ng'ombe, yeye alibaki sebuleni na hedifoni masikioni, akicheza na watu wa nchi asizozijua. Mmoja wao alijiita Jirani. Huyu alizungumza Kiswahili, kwa sauti ya chini ya mtu aliyekaa mahali penye mwangwi. Hakuchoka kusikiliza. Eliakim alimsimulia habari za mlima, za wenzake, hata za usiku ule aliopoteza vidole, mambo ambayo mkewe mwenyewe hakuwahi kuyasikia yote.

Kisha Jirani akamzawadia gemu la kujenga miji, lililokuwa limekaa kwenye orodha tangu mwaka jana. Lilikuja na ujumbe: "Nimeona unalitamani."

Eliakim alijaa furaha. Akajibu kama ambavyo mtu yeyote aliyelelewa vizuri angejibu: "Asante sana ndugu yangu. Na wewe ukitaka chochote kwangu, usione haya, sema tu."

"Chochote?"

"Chochote."

Hilo lilitokea siku chache kabla ya "Maziwa".

Jioni ya ile siku ya mvua Bibi Yuditha aliingia kutoka bandani na ndoo tupu. Aliiweka sakafuni polepole, kama mtu asiyejua pa kuiweka.

"Amekauka," alisema.

"Nani, mama?"

"Ng'ombe. Asubuhi amenijazia ndoo. Sasa hivi chuchu zimelegea kama soksi. Na banda zima linanuka kiberiti."

Bwana mifugo alikuja, akampima yule ng'ombe mdomo mpaka mkia, asione ugonjwa. Eliakim alipofungua orodha yake alikuta "Maziwa" limerudi pale pale alipolifuta, lakini safari hii lilikuwa na alama ndogo ya tiki, ile inayowekwa kwenye gemu ambalo mwenyewe ameshalipata. Na juu yake kulikuwa na jipya.

"Sauti ya Yuditha."

Alilifuta. Likarudi. Akalishusha mpaka chini kabisa ya orodha, na alipopepesa macho lilikuwa juu. Akafunga laptopu, akachomoa waya, akaiweka chini ya matakia ya kochi, akakaa juu yake. Hakumwambia mtu. Angeanzia wapi?

Bibi Yuditha alikuwa mwimbaji wa kwaya ya usharika tangu usichana wake. Kila alfajiri, kabla hajawasha moto, aliimba ubeti mmoja jikoni, na majirani wengine waliamkia wimbo huo. Alfajiri iliyofuata hakukusikika wimbo. Eliakim alimkuta mama yake amesimama katikati ya jiko, mdomo wazi, shingo imekaza mishipa, na hakuna kitu kinachotoka, hata mkwaruzo. Alikuwa amejishika koo kwa mikono yote miwili na machozi yanamtiririka.

Ndipo Eliakim akasikia wimbo. Ulikuwa mwembamba kama mlio wa mbu, na ulitoka sebuleni. Aliufuata, akichechemea, mpaka kwenye kochi, kwenye hedifoni zilizolala juu ya takia zikiwa hazijaunganishwa na kitu chochote, akaziinua, akaziweka sikioni, na humo ndani mama yake alikuwa anaimba, sauti yake ile ile yenye mtetemo kwenye noti za juu, ubeti ule ule wa kila alfajiri, akaimba mpaka mwisho, akanyamaza kidogo kama anavuta pumzi, kisha akasema kwa sauti hiyo hiyo ya mama:

"Nashukuru sana, jirani yangu."

Hewa ya sebule ilinuka kiberiti. Eliakim aliijua harufu ile. Aliwahi kuinusa pale juu kabisa Kibo, ukingoni mwa shimo, mahali ambapo ardhi inapumua na hakuna kiumbe anayeishi.

Alimweleza mkewe kila kitu, kwa kunong'ona, kana kwamba nyumba inawasikiliza. Priska alisikiliza mkono ukiwa juu ya tumbo. Alikuwa mjamzito wa miezi saba. Mimba mbili zilikuwa zimeshamtoka, na hii aliibeba kama mtu anayebeba yai gizani.

"Futa hiyo akaunti," alisema. "Sasa hivi, mbele yangu."

Hedifoni walizitupa jikoni motoni. Eliakim akawasha laptopu, akatafuta mahali pa kufuta akaunti, akabonyeza. Duka likakataa. Likaandika, kwa Kiswahili: "Bado kuna kitu kinasubiriwa." Halafu orodha ikafunguka yenyewe.

"Aikande."

Priska alishika ukingo wa meza. Hilo lilikuwa jina la mtoto. Walikuwa wamelichagua wao wawili kitandani, wakinong'ona chini ya blanketi, wakakubaliana lisitoke mpaka mtoto awe mikononi.

"Umemwambia nani?"

"Sijamwambia mtu, Priska. Naapa."

"Hata huyo Jirani wako?"

"Hata yeye."

Priska akarudisha mkono tumboni. Kisha akasema polepole, "Hachezi. Tangu asubuhi hajacheza."

Hospitalini walisikiliza moyo wa mtoto. Upo, waliambiwa, ila unakwenda taratibu kuliko inavyotakiwa. Wangoje, wapime tena kesho. Walipotoka getini Bibi Yuditha, ambaye hakuwa na sauti ya kushauri, alimshika Priska mkono na kuanza kutembea. Mama huyu alikuwa mzee wa kanisa. Neno jini halikuruhusiwa kutajwa nyumbani mwake. Aliwatembeza mpaka mtaa wa Majengo, akawaingiza kwenye chumba cha fundi wa kanzu aliyeitwa Maalim Mfinanga, akaketi kwenye mkeka bila kumtazama mtu.

"Shikamoo Maalim," alisema Eliakim.

"Marahaba. Poleni. Naona mmekuja na mzigo."

Alisikiliza habari yote huku akiwa ameshika sindano bila kushona. Mwisho aliuliza swali moja. "Alichukua mwenyewe, au alipewa ruhusa?"

Eliakim aliinamisha kichwa. "Nilimwambia aseme chochote anachotaka."

Maalim alivua miwani. "Jini mwizi ningemfukuza leo hii, kabla ya magharibi. Huyu siyo mwizi. Umempa kauli, na kauli yako mimi siwezi kuirudisha kwa niaba yako. Nitakuja kumsomea mama na mtoto nimcheleweshe. Lakini atadai mpaka ashike kitu. Na hiyo mashine usiifungue."

Alikuja jioni, jua likizama. Walimlaza Priska chumbani, Bibi Yuditha akamshika mkono, Maalim akaanza kusoma juu ya bakuli la maji. Eliakim aliachwa sebuleni.

Laptopu ilikuwa mezani, imefungwa, betri imetolewa. Ikajifungua taratibu kama mtu anayefumbua jicho.

Jina la mwanawe lilikuwa juu ya orodha, na pembeni yake, pale ambapo tiki huwekwa, kistari chembamba kilikuwa kinaanza kujichora, kinasogea, kinasimama Maalim anapopaza sauti chumbani na kusogea tena anapovuta pumzi, na Eliakim akiwa amekitazama alielewa kwamba msomaji ni mtu na mtu huchoka, na huyu mwingine hachoki, alishaonyesha mapema kwamba hachoki. Akavuta kiti. Akaweka kishale kwenye sehemu ya kutafutia, pale ambapo watu huandika jina la gemu wanalolitaka, akaandika jina lake mwenyewe, Eliakim, na duka likamletea jibu papo hapo kana kwamba ukurasa ule ulikuwa tayari siku nyingi ukimngojea, na huu haukuwa na mraba mweusi, ulikuwa na picha, picha ya mwanaume aliyeketi mbele ya laptopu katika sebule hii, shati hili hili alilovaa, imepigwa kutoka nyuma, karibu sana, kutoka mahali ambapo mpigaji angekuwa amesimama sasa hivi, na shingo ya Eliakim ikahisi pumzi ya baridi yenye kiberiti, na hakugeuka.

Akabonyeza pa kuongeza kwenye orodha. Akalishika jina lake kwa kishale, akalivuta juu, juu ya "Aikande", akalishikilia pale kidole kikiuma mpaka likakubali kukaa. Kisha akaandika:

"Chukua hiki. Baada ya hiki sikupi kingine. Kauli yangu inaishia hapa."

Jibu lilichelewa. Chumbani Maalim alikuwa anakohoa.

"Inaishia," Jirani aliandika. "Nashukuru."

Mle chumbani Priska alipiga ukelele. Mtoto alikuwa amepiga teke, likafuata lingine, tumbo zima likainuka kama mtu anayegeuka usingizini. Priska akacheka na kulia pamoja. "Eliakim! Njoo! Anacheza!"

Hakuna aliyeitika.

Walimkuta kwenye kiti, macho wazi, mikono imelala mapajani. Orodha mbele yake ilikuwa tupu, kisha kioo kikazima. Maalim alisimama mlangoni asivuke kizingiti, akamzuia Priska kwa mkono.

"Mama, usimguse kwanza."

"Maalim, mashine imezimika. Ameondoka, siyo?"

"Kwenye mashine, ndiyo, ameondoka," alisema Maalim. Alikuwa anamtazama Eliakim, naye Eliakim alikuwa anamtazama yeye, kwa adabu, akitabasamu kidogo kama mgeni aliyekaribishwa.

Madaktari hawakuona ugonjwa. Anakula akiwekewa chakula, anatembea akishikwa mkono, na hachechemei tena. Hasemi. Sauti ya Bibi Yuditha haikurudi. Mtoto alizaliwa mzima, mwenye nguvu, na kabla hajatimiza mwezi Priska alimpandisha kwa mama yake Machame, kwenye nyumba iliyo ndani kabisa ya migomba, akakaa naye huko. Hawakumwambia Eliakim. Walimfungia ndani siku ile wakati gari linapakiwa. Bibi Yuditha ndiye aliyebaki naye, kwa hiari yake, akionyesha kwa kidole kwanza mwanawe, kisha kifua chake mwenyewe.

Mara moja moja Priska hushuka kuwaona. Mara ya kwanza alikuta kiti cha Eliakim barazani, kimegeuzwa upande wa mlima, usawa wa Machame. Alimuuliza mkwewe nani amekigeuza. Bibi Yuditha alitikisa kichwa, akamwonyesha kwa mikono: asubuhi mimi nakielekeza upande wa pili, msituni, jioni nakikuta hivi. Priska alikigeuza mwenyewe kabla ya kuondoka, akamgeuza na aliyekikalia, mzito kama gogo.

Juzi alishuka tena. Bibi Yuditha alikuwa amesimama barazani peke yake, amejifunika khanga mdomoni. Kiti hakikuwepo hapo. Kilikuwa mwisho wa ua, kimegusana na geti, na Eliakim alikuwa ameketi wima, mikono mapajani, anatazama Machame.