Jina la Loika Limeimbwa

Ijumaa ile jioni Makaio aliwahesabu wageni wake mara mbili pale kwenye banda la bendi, uani kwa jumba la kifalme, akapata tisa. Orodha nayo ilisema tisa. Akafurahi, maana kwa mtembeza wageni hakuna raha kama orodha inayokubaliana na vichwa. Jua la Honolulu lilikuwa limeanza kulegea, na ndege walikuwa wanagombea nafasi kwenye mikuyu.

"Haya jamani, karibuni. Tutatembea saa moja na nusu, toka hapa mpaka bustani ya Aala, tukifuata zilikopita nyimbo za mji huu. Anayeumwa miguu aseme sasa hivi, asije akanilaumu njiani."

"Mimi nimeendesha basi miaka thelathini na nne," akasema mzee mmoja mnene, shati la maua limembana tumboni. "Miguu yangu bado mipya. Nimeitumia kukanyagia breki tu."

Wakacheka. Huyo alikuwa Anko Samson wa Waipahu, dereva mstaafu. Alijitambulisha mwenyewe, akaeleza kwamba mkewe ndiye aliyemwandikisha matembezi haya, apate kupumzika naye nyumbani walau Ijumaa moja. Pembeni yake alisimama dada mmoja wa miaka thelathini na kitu, mwembamba, macho ya mtu asiyelala vizuri. Kwenye orodha aliandikwa Denise, kutoka Las Vegas.

Makaio alianza na somo lake la kila Ijumaa.

"Huku kwetu mtu akitungiwa wimbo wa jina, wimbo ule ni wake kama meno yake. Unataja mvua ya kwao, upepo wa kwao, njia za kwao. Hauhamishwi kwa mwingine. Mwisho wa wimbo, mwimbaji anamtaja mwenyewe, na mwenyewe anaitika, Eo! Yaani nipo. Kama amekufa, wa damu yake wanamwitikia. Leo tukifika mwisho wa safari nitawaimbia wimbo wa jina la marehemu bibi yangu, Tutu Loika. Ndugu zake wote wamekwisha, kwa hiyo nyinyi ndio damu yake. Haya, tujaribu!"

"Eo!" wakaitika, wengine kwa aibu, Anko Samson kwa sauti ya kuitisha nauli.

Makaio alitabasamu. Alikuwa amelisema somo hilo miaka ishirini na sita, macho makavu, bila kupepesa.

Hapo ndipo ilipo aibu ya kisa hiki, na afadhali tuitoe mapema. Wimbo haukuwa wa Tutu Loika. Ulitungwa na Anti Malaea wa Kalihi, mwalimu wa nyimbo wa Makaio, kwa ajili ya mjukuu wake Kahikina, mtoto wa miaka sita ambaye mama yake alikuwa amemhamishia bara. Anti Malaea alipokuwa kitandani akivuta pumzi za mwisho, alimkabidhi Makaio daftari lenye wimbo ule. "Siku akirudi, mwimbie," alimwambia. "Asipoimbiwa yeye, usimwimbie mtu." Makaio akaapa. Haukupita mwezi, akaingia nao kwenye shindano. Alibadilisha neno moja tu, lile jina la mwisho. Watu walilia, akapewa kombe, na tangu siku hiyo akaitwa mtunzi. Miaka kumi na miwili baadaye, msichana alimpigia simu kutoka mbali akauliza kama bibi yake alimwachia kitu chochote. Makaio alilitazama daftari pale mezani. "Hapana mwanangu," akasema. "Hakuacha kitu."

Usiku ule hakula. Kesho yake alikula.

Walitoka jumbani wakavuka barabara hadi kwenye kanisa la mawe ya matumbawe. Makaio akawasimulia habari za kwaya za zamani, wanaume kushoto, wanawake kulia, na namna walivyoshindana mpaka paa likatetemeka. Mkono wake ulikuwa unahesabu wenyewe, kama kawaida.

Kumi.

Akahesabu tena. Kumi.

Kule nyuma, karibu na geti la makaburi, alikuwa amesimama bibi mmoja wa gauni jeupe, refu na pana. Miguu mitupu. Alikuwa amejifunika uso kwa viganja vyote viwili, kama mtoto anayecheza kujificha.

Makaio akajiambia ni muumini tu anasali. Ila palikuwa na harufu... Asumini. Lakini asumini iliyolala siku tatu, na chini yake udongo mbichi.

"Anko," akaita Samson, "samahani, nikuulize kama mwendesha basi. Huyu Tutu Loika alikuwa mtu wa wapi?"

"Waianae."

"Waianae? Magharibi kabisa, kule basi langu lilikokuwa linaishia! Sasa mbona wimbo wako, mke wangu anao kwenye simu, kutwa unaimba mvua ya Kalihi na njia ya mashariki? Bibi alipotea njia?"

Wageni wakaangua kicheko. Makaio naye alicheka.

"Ni ushairi, Anko. Ushairi haupandi basi."

"Aa, haya. Mradi alifika."

Wakashika njia kuelekea mtaa wa Wachina. Wafunga maduka walikuwa wanakokota vyuma vya milango, na harufu ya manapua, maandazi ya nyama yanayopikwa kwa mvuke, ikawapitia. Makaio alifurahi kupata harufu nyingine. Haikudumu. Kwenye daraja la mto Nuuanu, asumini iliyooza ilimrudia puani. Hakutaka kugeuka. Akageuka.

Bibi alikuwa hatua ishirini tu nyuma ya mtu wa mwisho. Hakuonekana akitembea, lakini alikuwa amefika. Viganja bado vimefunika uso.

"Anko Makaio." Alikuwa Denise, sauti ya chini. "Huo wimbo wa mwisho, huwa unauimba saa ngapi?"

"Kama saa kumi na mbili na nusu. Kwa nini?"

"Kila Ijumaa?"

"Kila Ijumaa, dada yangu. Mvua, jua."

Denise aliushika ukingo wa daraja.

"Kwetu Vegas inakuwa saa mbili na nusu usiku wakati huu wa mwaka," alisema. "Utaniona mwehu. Tangu nikiwa mdogo, kila Ijumaa saa hiyo nasikia mtu ananiita. Hataji jina. Ananiita kwa mvua, kwa njia, kwa vitu ambavyo sijawahi kuviona, na najua ni mimi. Nasimama niitike. Halafu mwishoni kabisa anataja mtu mwingine. Mlango unafungwa puu! Usoni kwangu. Najikuta nimesimama jikoni, mdomo wazi. Mume wangu alivumilia mpaka akachoka, akaondoka. Ndiyo nikapanda ndege nije kuuliza wazee."

"Unaitwa Denise," Makaio alisema. Ilitoka kama anaomba.

"Hilo la shule. Bibi yangu alinipa jina lingine. Kahikina."

Makaio alilisikia daraja likicheza chini ya miguu yake. Haya ilimpanda kutoka tumboni, moto, ikamjaa shingo na masikio, na akajua kwamba mtu yeyote angemtazama wakati ule angesoma kila kitu. Alitamani akimbie. Mtu mzima wa miaka arobaini na minane, mwenye kombe kabatini, alipima kwa macho umbali wa kutoka pale hadi kituo cha basi.

"Twendeni," akasema. "Giza linaingia."

Bustani ya Aala ilikuwa karibu tupu. Taa moja ilikuwa inawaka na kuzimika. Wageni walijipanga nusu duara, Makaio akaitoa ukulele, gitaa lake dogo, mkobani. Akawaza, nitasema koo linauma. Nitawaaga tu. Nani atanidai?

Asumini.

Bibi hakuwa nyuma tena. Alikuwa ndani ya nusu duara, kati ya Anko Samson na Denise, kama mgeni aliyelipa. Makaio akaona mkono wa gauni jeupe, na kwenye mkono wa gauni, mahali pa kifungo, pini ya chuma.

Aliijua pini ile. Aliichomeka yeye mwenyewe. Asubuhi ya mazishi kifungo kilidondoka, hakukuwa na uzi, na yeye mjukuu ndiye aliyeinama juu ya jeneza akamfunga Tutu Loika mkono wa gauni kwa pini.

Akaanza kuimba kwa sababu alishindwa kufanya lingine.

*Mvua ya Kalihi inakujua,*
*inashuka polepole isikuamshe.*
*Njia ya mashariki imekoga,*
*imejipaka mafuta, inakungoja.*

Denise alikuwa amenyoosha shingo. Midomo yake ilikuwa inacheza. Machozi yanashuka na hayafuti.

Ukafika mwisho. Wageni wakavuta pumzi, tayari kuitika.

"Jina la Lo..."

Mnong'ono ulitoka nyuma ya viganja. Mkavu, wa karibu.

"Usiniite tena, Makaio... Naona haya."

Kamba ya ukulele ikakatika.

Taa ikazimika, ikawaka. Na Makaio akaelewa, palepale mbele za watu, kwamba kila Ijumaa kwa miaka ishirini na sita alikuwa akimtoa bibi yake kaburini kuja kuitikia wimbo usio wake. Bibi aliyekuwa akirudisha hata yai la jirani likiangukia uani kwake. Amesimama mbele ya wageni, miguu mitupu, kavaa kitu cha wizi, na hana pa kuuficha uso ila mikononi mwake.

"Kahikina," alisema Makaio. Akarudia kwa nguvu. "Jina la Kahikina limeimbwa!"

Wageni walitazamana. Hakuna aliyeitika, maana si jina walilofundishwa.

"Eo," akasema Denise.

Ilikuwa sauti ndogo. Kisha akaisema tena, na safari hii ilikuwa kubwa, ikavuka bustani, ikavuka mto, mpaka mbwa wa mtaa wa pili wakabweka.

Makaio akawaambia yote. Kitanda, daftari, kombe. Hakuruka kitu. Alipomaliza, Denise alikuwa anamtazama.

"Nilikupigia simu," alisema.

"Ulinipigia."

"Nilikuwa na miaka kumi na minane. Nilikuuliza."

"Uliniuliza."

"Ukasema hakuacha kitu."

"Nilisema hivyo."

"Daftari langu," akasema Denise. "Kesho asubuhi. Usinipigie, liache hotelini." Akageuka akaenda zake, na jinsi alivyotembea ni kama mtu aliyetuliwa mzigo kichwani lakini shingo bado inauma.

Wageni walitawanyika mmoja mmoja bila kuaga. Alibaki Anko Samson, kofia mkononi, mzaha wote umemwisha.

"Bwana we," alisema. "Unamwita mtoto wa watu miaka yote hiyo, akifika mlangoni unamfungia. Bwana we!" Akatikisa kichwa. Kisha akaangaza huku na huku. "Na yule bibi wa gauni jeupe kaenda wapi? Nilitaka nimpe ndala zangu. Kutwa anatembea pekupeku, na nyinyi hamumwoni?"

Daftari lilifika hotelini Jumamosi. Kombe alilirudisha Jumatatu, pamoja na barua. Kufika Jumatano mji mzima ulikuwa unajua, na muuza samaki aliyezoea kumwita Mtunzi alimhudumia kimya, akimtazama begani, si usoni. Makaio aliyapokea yote. Alijiambia ni haki yake, na kwamba walau Tutu Loika sasa amelala.

Ijumaa hakwenda mjini. Alikaa nyumbani kwake Palolo, mlango wazi, akisikiliza redio ya jirani. Saa kumi na mbili na nusu, redio ilikoroma ikanyamaza.

Asumini.

Ubao wa kibaraza ulilia... mmoja... mwingine... kama mtu anayekaa chini taratibu kwa sababu ya magoti. Makaio alichungulia. Gauni jeupe lilikuwa limeketi kwenye ngazi, mgongo umemwelekea. Pini iligonga mbao. Tik.

"Tutu?" alinong'ona. "Nimeurudisha. Umeshaenda kwa mwenyewe. Pumzika."

"Najua." Hakugeuka. "Na wangu?"

Hakuelewa mara moja.

"Mimi hujanitungia?" aliuliza bibi. "Nimekuja kila ulipoita. Wangu uko wapi, mjukuu wangu?"

Makaio akavuta karatasi. Akavuta kalamu. Wimbo wa jina unaanza na mvua ya kwao. Mvua ya Waianae inaitwaje? Alikuwa amewaeleza maelfu ya wageni habari za Tutu Loika, ua alilolipenda, alivyocheka, alivyotembea. Yote alikuwa ameyabuni. Ya kweli hakuwahi kuuliza, na kalamu ilisimama juu ya karatasi nyeupe, ikasimama, ikasimama.

"Niambie basi," alisema akilia. "Geuka, Tutu, nikuone. Labda nikikuona uso nitakumbuka."

Bibi aligeuka. Polepole akashusha viganja, kimoja, kisha cha pili.

Makaio alitazama mahali pa uso. Palikuwa laini na patupu, kama ile karatasi.