Hodi ya Korongoni

Haya yalimkuta rafiki yangu, daktari wa meno, mtu wa dharau tangu zamani. Alikodi mwongoza watalii wake peke yake wa kumpeleka kwenye korongo maarufu, maana watalii wengine aliwaona kundi la mbuzi. Walipofika penye giza, kuta zikikaribia kugusana, mwongozaji akapiga hodi, akangoja mwangwi urudi ndipo wapite.

"Mtu mzima unabishia mawe hodi?" daktari akabeza. Akapaza sauti: "Hodi, enyi mawe." Akasonya.

Kimya.

"Sauti yako haijarudi, bosi," mwongozaji akanong'ona. "Leo hatupiti."

Daktari alimkejeli njia nzima ya kurudi.

Anaishi peke yake. Jioni alipochomeka ufunguo mlangoni, sauti yake mwenyewe ikatoka gizani mle ndani: "Hodi, enyi mawe."

Kisha ikasonya.